William Kentridge: Mkaa, raba na vivuli vya wapagazi

Studio iko Johannesburg. Karatasi kubwa imebandikwa ukutani, na upande wa pili wa chumba kuna kamera imesimama juu ya miguu yake mitatu. Mchoraji anachora kwa mkaa, anauweka chini, anatembea hadi kwenye kamera na kupiga fremu moja au mbili. Anarudi ukutani, anafuta kidogo kwa raba, anaongeza mstari, anatembea tena hadi kwenye kamera. Sekunde moja ya filamu inakula fremu 24 au 25, kwa hiyo safari hizo kati ya ukuta na kamera ni nyingi mno kabla ya filamu moja fupi kukamilika.

Mchoraji huyo ni William Kentridge, aliyezaliwa jijini humo mwaka 1955. Wapenzi wa opera wanamfahamu kama mwongozaji. Wafuatiliaji wa filamu wanamjua kwa katuni zake nyeusi na nyeupe. Makumbusho makubwa ya dunia yana michoro na sanamu zake, na mara kwa mara yeye mwenyewe hupanda jukwaani, shati jeupe na suruali nyeusi, akatoa mhadhara ambao katikati yake unageuka kuwa igizo. Mtu anayekutana na kazi zake kwa mara ya kwanza hana budi kujiuliza aanzie wapi: kwenye mchoro, kwenye filamu, au kwenye jukwaa?

Mimi ningemwambia aanze na raba. Akishaelewa kinachotokea mkaa unapofutwa, ataelewa filamu, vikaragosi, opera na maandamano ya vivuli ya msanii huyu. Ataelewa pia onyesho alilolitengeneza mwaka 2018 kuhusu wapagazi wa Vita vya Kwanza vya Dunia, watu ambao wengi wao walifia hapa kwetu Afrika Mashariki.

Karatasi moja kwa tukio zima

Katuni tulizozizoea zilitengenezwa kwa maelfu ya michoro. Kila badiliko dogo la mkono au mdomo lilikuwa na mchoro wake safi, na mtazamaji hakutakiwa kuona alama yoyote ya mchoro uliotangulia. Kentridge anatumia karatasi ileile kwa tukio zima. Mtu akiinua mkono, mkono wa awali unafutwa, mpya unachorwa juu kidogo, kamera inapiga, kisha huo nao unafutwa. Tukio likiisha, hatua zote zimepita juu ya karatasi moja, na inayoonekana ni ile ya mwisho tu. Filamu yake ya mwaka 1994, *Felix in Exile*, yenye dakika kama tisa hivi, ilitokana na karatasi 40. Karatasi hizo baadaye hutundikwa kwenye majumba ya sanaa zikiwa zimechoka na kujaa masizi, na ni kazi kamili zenyewe.

Lakini mkaa haufutiki wote. Unabaki ukungu wa kijivu, kama ubao wa darasani uliopanguswa kwa kitambaa kikavu, hesabu za asubuhi bado zikichungulia chini ya somo la historia. Mwanzoni ukungu huo ulimkera, naye akahangaika kutafuta namna ya kufuta vizuri zaidi. Baadaye akauacha ulivyo, na hapo mtindo wake ukapatikana. Mtu akitembea kwenye filamu ya Kentridge anaacha nyuma yake msururu wa alama hafifu. Unamwona alipo, na papo hapo unaona alipokuwa. Jengo likibomolewa, kivuli chake kinabaki angani. Filamu za kawaida zinaficha muda uliotumika kuzitengeneza; hizi zinauonyesha.

Jambo jingine la kuzingatia ni zile hatua kati ya ukuta na kamera. Kentridge hutengeneza filamu hizi bila mswada na bila kupanga matukio mapema. Huanza na picha moja au mbili alizo nazo akilini, na kinachofuata kinamjia akiwa anatembea. Ameeleza mara nyingi kwamba kutembea huko ndiko kufikiri kwenyewe. Nalisisitiza hili kwa sababu linafafanua kwa nini hadithi zake zinaruka kutoka picha hadi picha, na kwa nini anayetafuta kisa chenye mwanzo, katikati na mwisho anaweza kutoka ukumbini mikono mitupu. Zifuate picha kwanza, kisa kitajitokeza chenyewe.

Kikombe, mtungi na mgodi

Mwaka 1989 alitoa filamu ya kwanza katika mfululizo ambao umefika filamu 11 mwaka 2020. Ndani yake kuna wahusika wawili wakuu. Soho Eckstein ni tajiri wa migodi na majengo, mnene, hakosi suti ya mistari hata akiwa kitandani. Felix Teitlebaum ni mwotaji, yuko uchi muda wote, sura yake ni ya Kentridge mwenyewe. Kadiri miaka inavyokwenda, Soho naye anaanza kufanana na mchoraji wake.

Tuichukue filamu ya 1991, *Mine*, ambayo ni ya dakika sita tu. Soho ameamka, yuko kitandani, trei ya kifungua kinywa imewekwa mbele yake. Kwenye trei kuna ule mtungi wa kioo wa kahawa wenye kichujio kinachosukumwa chini kwa fimbo ya chuma. Soho anasukuma. Kichujio kinashuka hadi chini ya mtungi, lakini hakisimami. Kinatoboa trei, kinatoboa godoro, kinaingia ardhini na kuendelea kushuka katika shimo la mgodi. Kinapita penye wachimbaji wanaooga, kinapita penye vitanda vya zege walikolala wakiwa wamebanana, na safu za miili yao zinafanana na ile michoro ya zamani ya ndani ya merikebu za watumwa. Huko juu, kahawa iko tayari. Kitanda kinageuka kuwa meza ya ofisi, na kinachotoka ardhini kinamfikia Soho mezani kama hesabu na fedha.

Uhusiano wote wa kiuchumi wa Johannesburg umo katika mwendo ule mmoja wa fimbo ya kahawa. Nimesoma vitabu vizito kuhusu dhahabu ya Afrika Kusini ambavyo havikunionyesha kwa uwazi huo jinsi anasa ya mtu wa juu inavyomfikia mtu wa chini. Wala filamu haina neno hata moja linalotamkwa.

Mji wenyewe unafaa kuchorwa hivi. Johannesburg ilizaliwa baada ya dhahabu kupatikana mwaka 1886, na kwa miongo mingi vilima vyake vikubwa vilikuwa marundo ya udongo uliotolewa migodini. Teknolojia ilipoboreka, marundo hayo yalichimbuliwa upya kutafuta mabaki ya dhahabu, na vilima vikatoweka. Majira ya baridi nyasi za nyanda za juu hukauka na kuungua, nchi ikabaki nyeusi kama masizi. Mandhari hiyo imechorwa na kufutwa na watu wenyewe kabla Kentridge hajaikaribia na raba yake.

Boksi la manjano

Baba yake, Sydney Kentridge, alikuwa mmoja wa mawakili wakubwa waliopambana na serikali ya makaburu mahakamani. Mama yake, Felicia, naye alikuwa mwanasheria. Baba ndiye aliyeiwakilisha familia ya Steve Biko, mwanaharakati aliyepinga ubaguzi wa rangi na kufia mikononi mwa polisi, katika uchunguzi wa kifo chake mwaka 1977. Miaka mingi kabla ya hapo alishughulikia uchunguzi wa mauaji ya Sharpeville, ambako Machi 21, 1960 polisi waliwaua kwa risasi watu 69 waliokuwa wakipinga sheria ya vitambulisho vya pasi.

William akiwa na umri wa miaka kama sita aliingia katika chumba cha kazi cha baba yake, akaona boksi bapa la manjano juu ya meza, akadhani ni la chokoleti. Alipolifungua alikuta picha za maiti za Sharpeville, ushahidi wa kesi. Mwanamke aliyepigwa risasi mgongoni. Mtu ambaye nusu ya kichwa haipo. Amelisimulia tukio hilo mara kadhaa akiwa mtu mzima, na amelihusisha moja kwa moja na *Felix in Exile*, filamu aliyoitengeneza kati ya Septemba 1993 na Februari 1994, wiki chache kabla ya uchaguzi wa kwanza wa watu wote.

Katika filamu hiyo Felix amejifungia katika chumba cha hoteli ugenini, sanduku lake pembeni. Mbali huko nyumbani kuna mwanamke anayeitwa Nandi, mpima ardhi, naye anaandika na kuchora anachokiona: miili imelala porini, damu inatoka, magazeti yanapeperuka na kuifunika. Kila mwili unamezwa polepole na ardhi, na palipokuwa na mtu panabaki mchanga na nyasi. Mwisho Nandi mwenyewe anapigwa risasi, naye anamezwa.

Hapa ndipo ukungu wa mkaa unapokuwa na uzito kuliko mahali popote katika kazi zake. Mandhari ya filamu hiyo inaonekana shwari, lakini umeshaona kilichofutwa, na karatasi inakataa kusafika. Nchi ilikuwa inaelekea kupiga kura, watu wanafurahi, na Kentridge alikuwa anauliza nini kitatokea kwa waliolala chini ya nyasi baada ya bendera kubadilishwa. Angeweza kuandika makala ya gazeti yenye swali hilo. Alichokipata kwa mkaa ni kwamba jibu lilikuwa limo katika namna ya kutengeneza picha yenyewe.

Mwigizaji aliyeshindwa

Chuoni Witwatersrand alisoma siasa na masomo ya Afrika, kisha akajifunza sanaa katika Johannesburg Art Foundation. Wakati huohuo alikuwa na kundi la maigizo la Junction Avenue, akiigiza na kuongoza. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 akaenda Paris kusoma katika shule ya Jacques Lecoq, inayofundisha maigizo kwa kuanzia kwenye mwili na mwendo kabla ya maneno. Amesema wazi kwamba huko aligundua hatakuwa mwigizaji mzuri. Uchoraji wa rangi za mafuta nao ulikuwa umemshinda. Kilichobaki ndicho kikawa kazi yake.

Lakini alichokipata Paris hakikupotea. Ukiangalia jinsi Soho anavyoinamisha mabega, au jinsi Nandi anavyogeuka, unaona mkono wa mtu aliyefundishwa kwamba mwili unasema kabla ya mdomo. Hata kule kutembea kati ya ukuta na kamera ni onyesho, isipokuwa halina watazamaji.

Mwaka 1992 alianza kufanya kazi na Handspring, kundi la vikaragosi la Adrian Kohler na Basil Jones. Njia yao ni rahisi kuieleza: kikaragosi cha mbao kiko jukwaani, mwendeshaji wake yuko wazi kabisa pembeni, na nyuma yao filamu ya mkaa inaonyeshwa kwenye skrini. Mtazamaji anaona mbao, anaona mtu anayeziendesha, na bado anaamini mbao zinapumua.

Kazi yao yenye nguvu kuliko zote, kwa maoni yangu, ni *Ubu and the Truth Commission* ya 1997, iliyoandikwa na Jane Taylor. Tume ya Ukweli na Maridhiano, iliyochunguza maovu ya enzi za ubaguzi wa rangi chini ya Askofu Mkuu Desmond Tutu, ilikuwa imeanza kusikiliza ushahidi mwaka 1996. Watu wa kawaida walikuwa wakisimulia mbele ya redio na televisheni jinsi watoto wao walivyouawa. Swali lililowakabili wasanii lilikuwa gumu: utamwekaje mwigizaji jukwaani alie machozi ya mama halisi, mama ambaye huenda jioni hiyohiyo yuko nyumbani kwake analia?

Walichagua vikaragosi. Ushahidi ulichukuliwa kutoka kwenye vikao vya kweli, na mashahidi wote jukwaani ni wa mbao. Kikaragosi hakijifanyi kuwa mama yule, kila mtu anaona ni mti uliochongwa, kwa hiyo maneno yake yanasimama yenyewe bila mtu kujitwalia uchungu usio wake. Na waendeshaji walioinama pembeni ya kikaragosi, mkono mmoja mgongoni kwake, waliwakumbusha Waafrika Kusini wale watu waliokuwa wakikaa karibu na mashahidi kwenye vikao vya Tume, kuwashika na kuwatuliza walipoelemewa.

Mhalifu, Ubu, ni mwigizaji wa nyama na damu akiwa na chupi na fulana. Ni askari wa kikosi cha mauaji. Mkewe anamshuku kuwa ana hawara kwa sababu kila usiku anarudi na kukimbilia kuoga. Ubu anaingia kwenye bafu la kioo, anajisugua, na kwenye skrini nyuma yake mchoro wa mkaa unaonyesha kinachoshuka na maji: mifupa, mafuvu, vipande vya watu. Bafu hilohilo la kioo, katika matukio mengine, ndimo anamokaa mkalimani anayetafsiri ushahidi. Kuna pia mamba, mkoba wenye meno, ambaye kazi yake ni kumeza nyaraka. Kufuta, mara hii, kumekuwa kazi ya muuaji anayetaka alama zipotee, na mkaa nyuma yake unamkatalia.

Baada ya hapo zikaja opera: *The Magic Flute* ya Mozart mjini Brussels mwaka 2005, *The Nose* ya Shostakovich kwenye Metropolitan Opera ya New York mwaka 2010, na nyingine kubwa zilizofuata. Sitakaa sana hapo. Njia ni ileile, imepewa orkestra na bajeti.

Maandamano

Kuna picha moja inayorudi katika kazi zake tangu miaka ya 1990: msururu wa watu wakitembea kutoka upande mmoja hadi mwingine, wamebeba mizigo. Mwaka 1999 aliutengeneza kwa vipande vya karatasi nyeusi iliyochanwa kwa mkono. Katika *More Sweetly Play the Dance* ya 2015 msururu huo umejaza skrini nane zilizopangwa mfululizo, na ndani yake kuna bendi ya matarumbeta, wagonjwa wanaovuta chupa zao za dripu, watu waliobeba vichwa vya mashujaa vilivyochorwa, na mwisho Dada Masilo, mcheza densi aliyefariki mwaka 2024, akicheza kwa ncha za vidole vya miguu huku ameshika bunduki.

Roma nao walipata wa kwao mwaka 2016. Kuta za mto Tiber zimejaa weusi wa uchafu, ukungu wa mimea na moshi wa magari. Kentridge na wenzake waliweka maumbo makubwa ukutani na kuosha pembezoni mwake kwa maji ya shinikizo. Palipooshwa pakawa peupe, palipofunikwa pakabaki peusi, na zikatokea sanamu bapa zaidi ya 80 zenye kimo cha hadi mita 10 hivi, zikienda umbali wa zaidi ya nusu kilomita. Hakuna rangi iliyopakwa hata tone. Ni kufuta kwenyewe kulikochora. Uchafu ukirudi, nao ni lazima urudi, picha zitapotea, na hilo lilijulikana na kukubaliwa tangu siku ya kwanza.

Kichwa na mzigo

Sasa tufike nyumbani. Julai 2018, katika ukumbi mkubwa wa Tate Modern jijini London, Kentridge alizindua *The Head & the Load*, onyesho lililogharamiwa kama sehemu ya kumbukumbu za Uingereza za miaka 100 ya Vita vya Kwanza vya Dunia. Jina lake limetokana na methali ya Ghana isemayo kwamba kichwa na mzigo ndiyo taabu ya shingo. Muziki ulitungwa na Philip Miller, ambaye wamefanya kazi pamoja tangu *Felix in Exile*, akishirikiana na Thuthuka Sibisi. Densi ilipangwa na Gregory Maqoma.

Msomaji wa Kiswahili anaijua historia hiyo, hata kama hakufundishwa shuleni kwa kina, kwa sababu iko kwenye ramani za miji yetu. Kariakoo ya Dar es Salaam na Kariokor ya Nairobi zilipata majina yao kutokana na kikosi cha wapagazi cha Waingereza. Vita vya hapa vilipiganwa kwenye nchi isiyo na barabara, yenye mbung'o waliowamaliza farasi, ng'ombe na nyumbu. Ili askari mmoja ale na apate risasi ilibidi watu kadhaa wabebe. Mzigo ulikuwa wa kilo 25 hivi kwa mtu. Waingereza peke yao waliwachukua zaidi ya watu milioni moja kwa kazi hiyo, wengi kwa nguvu, na kwa hesabu rasmi zaidi ya 90,000 walikufa. Waliouawa kwa risasi walikuwa wachache. Kilichowaua ni kuhara damu, malaria, homa ya mapafu na njaa. Wajerumani waliwatumia wapagazi kwa namna hiyohiyo, Wabelgiji waliwatoa Kongo, na majeshi yote yalikula chakula cha vijiji yaliyopita. Ugogo ilipata njaa ya Mtunya, na makumi ya maelfu ya watu wakafa.

Sanamu ya Askari katikati ya Dar es Salaam, iliyosimikwa mwaka 1927, inamwonyesha askari mwenye bunduki. Wapagazi wametajwa kwenye maandishi ya chini kuwa ni miguu na mikono ya jeshi. Majina hayapo. Mwaka 2021 tume ya Jumuiya ya Madola inayotunza makaburi ya vita ilitoa ripoti iliyokiri kwamba watu wasiopungua 116,000, na pengine hadi 350,000, wengi wao wa Afrika Mashariki na Misri, hawakukumbukwa kwa majina au hawakukumbukwa kabisa.

Jinsi gani basi utamwonyesha mtu ambaye hakuna aliyeandika jina lake? Kentridge alichukua kila alichojifunza kwa miaka 30 na kukileta kwenye jukwaa lenye urefu wa zaidi ya mita 50. Ni refu kiasi kwamba aliyekaa mbele hawezi kuliona lote kwa mara moja. Ukitazama kushoto, kulia kuna jambo linakupita. Nadhani huo ndio uamuzi bora kuliko yote ya onyesho hilo, maana unamlazimisha mtazamaji kupoteza watu, kama vita ilivyowapoteza.

Kisha msururu unaanza. Waigizaji wanapita wamebeba vichwani maumbo bapa yaliyokatwa, na taa iliyowekwa chini mbele yao inatupa vivuli kwenye skrini nyuma. Mtu ni mdogo, kivuli chake ni kikubwa kama nyumba, na mzigo kwenye kivuli unazidi ukubwa wa anayeubeba. Vivuli hivyo vinachanganyika na michoro ya mkaa inayopita kwenye skrini hiyohiyo, hata hujui kipi kimechorwa na kipi ni mtu aliye hai. Ann Masina anaimba, N'Faly Kouyaté wa Guinea anapiga kora, ala ya nyuzi ya Afrika Magharibi, amri za kijeshi zinapigwa kwenye vipaza sauti, na lugha zinagongana: Kifaransa, Kijerumani, Kiingereza, Kizulu na nyingine. Kuna nyakati maneno yanavunjika na kuwa milio tu. Hilo limechukuliwa kutoka kwa wasanii wa harakati ya Ulaya iliyojiita Dada, waliokuwa Zurich mwaka 1916 wakikataa lugha yenye maana kwa sababu lugha yenye maana ndiyo iliyowapeleka wenzao kwenye mahandaki. Mwaka huohuo Jenerali Jan Smuts, Mwafrika Kusini, alikuwa anaongoza jeshi la Uingereza kuvamia koloni la Wajerumani, ambalo baadaye liliitwa Tanganyika, kutoka upande wa Kilimanjaro. Kuyaweka matukio hayo mawili jukwaa moja kunaniridhisha sana. Historia za sanaa za Ulaya huisimulia Zurich bila kukumbuka kwamba vita ilikuwa na mguu wa pili huku kwetu.

Lipo swali la haki linaloulizwa: kwa nini hadithi ya wapagazi isimuliwe na Mzungu wa Johannesburg, kwa fedha za London, mbele ya watazamaji wa London na New York? Sidhani linapaswa kuzimwa kwa haraka. Ni kweli kwamba kazi ilijengwa kwa majaribio ya pamoja ya wanamuziki, wachezaji na waigizaji wa Kiafrika, na kwamba sehemu kubwa ya sauti zake ni zao. Ni kweli pia kwamba jina linalotangulia kwenye bango ni moja. Kentridge mwenyewe hajidai kusema kwa niaba ya wafu. Anaonyesha vivuli, na kivuli hakina uso wa kuibiwa. Kwangu mimi jibu hilo linatosha kwa kazi yake. Halitoshi kwa wajibu wetu. Masimulizi ya wapagazi yamo katika familia nyingi za Tanzania, Kenya, Uganda, Malawi na Kongo, nayo yanahitaji wasanii wa kwetu wenye mahali pa kujaribu na kushindwa bila kuulizwa tiketi zimeuzwa ngapi.

Mahali pa namna hiyo Kentridge alipafungua Johannesburg mwaka 2016, akiwa na Bronwyn Lace, katika mtaa wa Maboneng. Panaitwa Centre for the Less Good Idea, kutokana na methali ya Kitswana kwamba mganga hodari akishindwa kukutibu, mtafute asiye hodari. Wacheza densi, washairi, wanamuziki na watengeneza filamu wanakutana bila mswada, wanatengeneza vipande vifupi, wanavionyesha. Wazo zuri mtu alilokuja nalo mara nyingi linavunjika siku ya pili, na wanaendelea na lile dogo lililojitokeza pembeni.

Anayetaka kuanza kumtazama aanze na *Mine*, kwa kuwa ni fupi, kisha *Felix in Exile*. Mara ya kwanza afuate wahusika. Mara ya pili awaache wahusika, aangalie sehemu za karatasi ambazo wameshaondoka. Baada ya hapo atafute rekodi za *The Head & the Load*, azime taa za chumbani na kuongeza sauti, kwa sababu nusu ya onyesho hilo iko kwenye muziki wa Miller na Sibisi.